Rivolva Chini ya Dera

Mume wangu ni fundi cherehani pale Mwembesongo, na mimi ni mnunuzi wa vito. Yeye hushinda kibarazani akikanyaga cherehani yake. Mimi hupanda milima ya Uluguru kununua rubi na spineli kwa wachimbaji wadogo, kisha nazishusha mjini kuziuza. Kwa hiyo katika nyumba yetu anayerudi jioni na udongo mwekundu miguuni ni mimi. Majirani walilisema jambo hilo mpaka wakachoka.

Kazi ya vito haina mzigo. Mawe ya mwezi mzima hukaa ndani ya kikaratasi kilichokunjwa, kikaratasi ndani ya kitambaa, kitambaa kifuani. Nilidhani hiyo inatosha. Nilidhani mwanamke aliyevaa dera na ushungi, amepakia kikapu cha maharage nyuma ya bodaboda, hakuna atakayemtilia shaka. Na kwa miaka mingi ilikuwa hivyo, mpaka asubuhi moja ya masika nilipokuwa nikishuka kutoka Matombo.

Njia ilikuwa ya utelezi na dereva wa bodaboda aliniomba nishuke nitembee kidogo kwenye kona. Vijana wawili wakatoka migombani wakiwa na mapanga. Hawakuuliza nina nini. Walijua. Mmoja alimshika dereva, mwingine akanipiga kwa ubapa wa panga kwenye sikio, akanyoosha mkono, nikampa kitambaa. Kabla ya kuondoka akaniangalia, akasema kwa upole kabisa, kama mtu anayetoa ushauri, "Mama, kazi hii waachie wanaume."

Sikio lilivimba wiki nzima. Kupoteza mawe kuliniuma, lakini hakukuniuma kama yale maneno.

Nilipofika nyumbani mume wangu alikuwa anapima suti ya bwana harusi. Aliniona, akamwomba mteja arudi kesho, akakunja futi yake akaiweka mezani.

"Unaacha?" akaniuliza.

"Siachi, Fundi."

Hivyo ndivyo ninavyomwita. Nilijua anaogopa, maana mume wangu akiogopa huanza kuokota vipande vya nyuzi kwenye nguo za watu. Akaokota uzi begani kwangu, kisha mwingine.

"Basi tafuta cha kukulinda," akasema. "Dua nitakuombea, lakini tafuta na kingine."

Nikaomba kumiliki silaha. Wanaodhani bastola hununuliwa kama simu wajaribu. Nilianzia serikali ya mtaa, nikaenda kata, nikaenda polisi, nikachukuliwa alama za vidole, nikakaa mbele ya kamati na kuulizwa maswali mpaka kijasho kikanitoka. Mzee mmoja kwenye ile kamati alivua miwani, akaniuliza, "Mama, sasa siku ukigombana na bwana nyumbani itakuwaje?"

Nikamjibu, "Mzee wangu, mume wangu ana mkasi wa kukatia kitambaa unaofika hapa," nikamwonyesha kiwiko, "na mimi nina kisu cha kuchunia samaki. Tumeishi navyo tangu tuoane. Hatujachomana."

Kamati nzima ikacheka, na yeye akacheka. Sikuwa nimesema ili nichekeshe, ila nilishukuru.

Kabla ya kupewa kibali ilinibidi nijifunze. Nikapelekwa kwa mwalimu kwenye uwanja wa shabaha nje ya mji, upande wa Mzumbe, penye ukuta mrefu wa udongo uliopandiwa majani ili kuzuia risasi. Nilitarajia mwanamume. Nikakuta mama mtu mzima, mnene, mwenyeji wa Mara, askari mstaafu, magoti yake mabovu, amekaa kwenye kiti cha plastiki akimenya chungwa.

"Shikamoo, afande," nikasema.

"Marahaba. Umeshawahi kushika bunduki?"

"Hapana. Ila mjomba wangu alikuwa na gobore la kulindia shamba. Nilikuwa nalitazama."

"Kutazama ni vizuri," akasema. "Wengi wanaokuja hapa wameshika kabla ya kutazama."

Kwa muda hakunipa risasi hata moja. Alinifundisha kusimama, kushika, kupumua. Alinifundisha kwamba kidole kinakaa nje ya kifyatulio mpaka macho yameshaamua. Na kila siku, kabla sijaondoka, alinigeuza nitazame ule ukuta wa udongo akaniuliza, "Risasi ina breki?"

"Haina, afande."

"Kwa hiyo?"

"Nijue inakokwenda kulala kabla sijaiamsha."

Ni yeye aliyenichagulia aina. Muuza silaha alikuwa amenishauri bastola kubwa ya kisasa, ile inayojaa mkononi. Mwalimu aliitupia jicho mara moja. "Utaiacha nyumbani," akasema. "Silaha nzito hukaa kabatini, na majambazi hawaji kabatini. Chukua ndogo utakayoisahau kiunoni."

Nikachukua rivolva, ile bastola ya mtindo wa kizamani yenye kigurudumu katikati, risasi zinakaa humo kama mbegu ndani ya ganda. Yangu inabeba tano tu. Mtutu wake ni mfupi kama kidole changu cha kati, mpini wake wa mpira mweusi. Haina mambo mengi. Risasi ikigoma, unavuta tena, kigurudumu kinazunguka na kuleta nyingine. Nilipoitia mkononi mara ya kwanza nilishangaa jinsi ilivyo nyepesi. Nilipoifyatua nikajua kwa nini mwalimu alikuwa anatabasamu.

Silaha ndogo inapiga teke. Kubwa hulimeza teke lake yenyewe, ndogo inakukabidhi wewe lote. Risasi yangu ya kwanza sijui ilikwenda wapi, nadhani ilipita juu ya karatasi ya shabaha na kuingia kwenye majani. Ya pili ikachimba chini. Kiganja kikawaka moto. Na kifyatulio chake ni kigumu, inabidi ukivute kwa safari ndefu, na katika safari hiyo mkono unapata nafasi ya kuhofu na kutikisika.

"Unakamua ndimu," mwalimu akasema. "Usikamue. Vuta kama unavyovuta uzi kwenye sindano, usikatike."

Mwalimu hakujua mume wangu ni fundi cherehani. Alisema tu. Lakini nilirudi nyumbani nikamwomba mume wangu anionyeshe anavyovuta uzi, akanionyesha, polepole, mkono mmoja umetulia kabisa na mwingine unatembea. Nikaifanyia kazi. Kila siku baada ya sala ya alfajiri nilitoa risasi zote, nikazifungia kwenye kabati la chuma, nikahakikisha mara nyingine kwamba hamna kitu, nikaweka sarafu juu ya mtutu, nikaelekea ukuta wa chumbani na kuvuta kifyatulio. Mwanzo sarafu ilianguka kila mara, ikabingirika chini ya kitanda, nami nikapiga magoti kuitafuta. Baadaye ikawa inatikisika tu. Asubuhi moja nilivuta, nyundo ikagonga, na sarafu ikabaki pale pale. Nikavuta tena. Ikabaki. Nikamwita mume wangu aje aone, akaja na mswaki mdomoni, akatazama, akapiga makofi.

Naye alikuwa na kazi yake. Mikoba ya ngozi inayouzwa kwa ajili ya bastola imetengenezwa kwa watu wanaovaa suruali na mkanda. Mimi navaa dera. Mume wangu akachukua turubai nzito, akaibana na ngozi ya kiatu cha zamani, akashona mfuko kwa umbo la rivolva yenyewe, na mkanda mpana wa kuufunga kiunoni. Kisha akafumua mshono wa ubavuni kwenye madera yangu yote na kuacha mwanya ambao mtu hawezi kuuona hata akikaa karibu nami kwenye harusi. Mkono unapita humo kama unapita mfukoni. Alinipima mara nyingi kuliko alivyompima mwanamke yeyote aliyewahi kuleta kitambaa chake. "Simama. Kaa. Inama kama unasonga ugali. Inaonekana? Haionekani." Ana majivuno ya kazi mume wangu, na siku ile nilimruhusu ajivune anavyotaka.

Baada ya kupata kibali niliendelea kwenda uwanjani kila nilipopata nafasi. Mwisho wa mwaka wenye uwanja walifanya siku ya mashindano kwa wamiliki wa silaha ndogo. Mwalimu alinisajili bila kuniuliza. Nilifika nikakuta wanaume watupu, wafanyabiashara, mkulima mkubwa wa mpunga kutoka Dakawa, na wengine waliovaa miwani ya kulengea na kofia zinazofanana. Nilipoitoa yangu chini ya dera, mkulima yule akainama kuitazama.

"Dada yangu, hicho ni kiberiti au bastola?"

"Utaniambia baadaye, kaka," nikasema.

Sikushinda kila kitu, na sitaki kudanganya. Kwenye shabaha za mbali mtutu mfupi ulinishinda, na yule wa Dakawa akapiga vizuri sana. Lakini raundi ya mwisho ilikuwa ya karibu, umbali wa mtu anayekujia, na ilitakiwa kuitoa silaha ilipofichwa na kupiga zote ulizonazo. Wanaume wakahangaika na mashati yao. Mmoja alinaswa na mkanda wake mwenyewe. Zamu yangu ilipofika nilisema bismillahi, mkono ukapita kwenye ule mwanya wa mume wangu, nikavuta uzi wangu. Walipoileta karatasi, risasi zangu zote zilikuwa zimekaa pamoja mahali ambapo kifuniko cha chupa kubwa ya chai kingezifunika. Kisha yule mkulima wa Dakawa akavua kofia yake.

"Ni bastola," akasema. "Nimekubali, ni bastola."

Zawadi ya raundi ile ilikuwa shati la kiume, kubwa, limeandikwa mgongoni "Bingwa". Hawakuwa wamefikiria kwamba bingwa anaweza kuwa mwanamke. Mwalimu alicheka mpaka akashika magoti yake. Mume wangu alilikata akalishona upya, likanikaa sawasawa, na mpaka leo nalivaa nikifua.

Sasa niwaeleze siku niliyoitumia kweli, maana watu huuliza, na wakisikia haikuwa majambazi hukata tamaa kidogo.

Nilipanda kijijini kwetu, juu milimani, kumsaidia mjomba kuvuna maharage. Sisi Waluguru ukoo unatoka kwa mama. Shamba ninalolima kule ni la mama yangu na la bibi yangu, na mjomba, kaka yake mama, ndiye msimamizi wetu. Ni mzee sasa. Gobore lake alishalirudisha serikalini zamani, na miguu haimtii. Nilipofika nilimsalimia, akaitikia, na kabla sijatua kikapu akaanza kunipa habari. Mbwa asiyejulikana alikuwa ametokea upande wa msituni, ameng'ata mbuzi wawili, na jana yake amemng'ata jirani shavu la mguu, pale nyuma penye mnofu.

Nikaenda kumwona jirani. Alikuwa amekaa mlangoni, mguu umefungwa majani yaliyopondwa.

"Kaka, twende hospitali mjini ukachomwe sindano," nikamwambia. "Kichaa cha mbwa hakina msamaha."

"Mbwa yule hana kichaa," akasema. "Ana njaa. Na dawa nimeshaweka."

Nikabembeleza. Akakataa. Mke wake akanisindikiza akifuta machozi.

Asubuhi iliyofuata tulikuwa uani kwa mjomba, jua limeshapanda. Mjomba amekaa kwenye kigoda anapukuchua maharage juu ya mkeka. Mke wa jirani alikuwa amekuja kuazima ungo, amesimama upande wa chini, karibu na migomba. Kwanza nilisikia kuku wanapiga kelele, kisha mbwa akaingia uani kati yetu na yule mama.

Hakuwa mbwa wa njaa. Mbwa wa njaa hutazama jungu. Huyu alitembea kama amelewa, kichwa chini, mate yanamning'inia mpaka kwenye vumbi, na macho yake hayakutazama kitu. Akaung'ata mpini wa jembe lililoegemezwa ukutani, akauachia. Kisha akageuka upande wa mjomba.

Mjomba hakuweza kusimama. Akasema taratibu, "Mpwa wangu."

Rivolva ilikuwa imeshafika mkononi, sikumbuki nikiitoa. Namkumbuka mama wa watu pale migombani, nyuma kabisa ya mbwa, amekumbatia ungo. Nikimpiga pale, risasi ikipita, inakwenda kulala kwake. Mbwa alikuwa anasogea. Kila kitu mwilini mwangu kilisema piga. Kidole kikabaki nje.

"Shemeji, usikimbie!" nikapiga kelele. "Simama hapo hapo!" Na mimi nikaanza kutembea pembeni, kuelekea jikoni, nikialika ulimi na kugongesha mguu chini ili mbwa anifuate mimi. Akanifuata. Kichwa chake kikageuka, kisha mwili. Nilirudi nyuma mpaka nyuma yake pakawa na ukingo wa mlima, ule udongo mwekundu uliokatwa wakati nyumba inajengwa, mrefu kunizidi. Hapo nikajua risasi yangu ina kitanda.

Akaja. Nikavuta uzi. Ya kwanza ilimpata kifuani, akakaa chini kama mtu aliyechoka. Ya pili ilimmaliza. Mlio ule ulirudi kutoka mlima wa pili, kisha wa tatu, halafu kijiji chote kikanyamaza, hata kuku.

Nilimfunika mbwa kwa majani nikawakataza watu wote wasimguse wala kukanyaga mate yake, nikampigia simu mwenyekiti wa kijiji. Mke wa jirani alikaa chini palepale alipokuwa, ungo mapajani. Na jirani mwenyewe alikuja akichechemea, akamtazama mbwa kwa muda mrefu, yale mate, ule ulimi. Alirudi nyumbani, akatoka na shati safi.

"Gari linaondoka saa ngapi?" akaniuliza.

Tulishuka naye mjini siku ileile. Nikamwacha hospitali akiwa anachomwa sindano ya kwanza, mke wake pembeni, mimi nikaenda polisi kujieleza, kwa sababu risasi ya raia lazima ielezwe. Afisa wa zamu aliichukua rivolva, akaizungusha, akahesabu zilizobaki, akasikiliza maelezo yangu, akampigia mwenyekiti wa kijiji kuhakikisha. Afisa mifugo alipanda kesho yake kuchukua kichwa cha mbwa kwa vipimo, na majibu yalipokuja yalisema kile nilichokiona kwa macho. Wakachanja mbwa wa kijiji kizima.

Afisa aliponirudishia silaha alinipa kwa mikono miwili. "Mama," akasema, "wengi wakija hapa, nasikiliza walivyopiga. Wewe umenieleza zaidi ulivyosubiri."

Jioni ya siku ile ya mbwa nilikuwa nimempigia mwalimu. Akanisikiliza mpaka mwisho, nikasikia chungwa linamenywa upande wa pili.

"Yule mama aliyekuwa migombani," akasema, "hakuguswa?"

"Hakuguswa, afande."

"Basi umefaulu," akasema. "Ile karatasi ya mashindano ilikuwa mchezo. Leo ndiyo umefaulu." Akakata simu. Mwalimu wangu haagi.

Mjomba ameieleza habari hii kwa kila anayepita uani kwake, na kila anapoieleza mbwa anazidi kuwa mkubwa. Sasa hivi amefikia ukubwa wa ndama. Nilimwambia siku moja, "Mjomba, alikuwa mbwa wa kawaida." Akanitazama kama nimemvunjia heshima.

"Wewe ulikuwa unatazama bastola," akasema. "Mimi ndiye nilikuwa namtazama mbwa. Na nilimtazama mtoto wa dada yangu. Niache niseme nilichokiona."

Nikamwacha. Jirani yake alimaliza sindano zote, akapona. Baada ya mavuno alishuka Mwembesongo na mkungu wa ndizi begani, akauliza nyumba ya fundi cherehani mwenye mke bingwa, akaelekezwa bila shida. Niliporudi kutoka milimani nilimkuta amekaa kibarazani anakunywa chai, na mume wangu anampima suruali mpya, akimsimulia, kwa sauti ya kusikika hadi ng'ambo ya barabara, jinsi alivyoushona ule mwanya.